Hello Brother ya mapacha si ile ya Salman Khan

Tuanze na jina, maana hapo ndipo wengi wanapotea. Mtu akisikia *Hello Brother* anaona sura ya Salman Khan. Ya Salman ipo kweli, ya mwaka 1999, ila haina pacha hata mmoja: kuna jamaa anauawa, moyo wake anapandikizwa mtu mwingine, kisha marehemu anaanza kumtokea huyo mwenye moyo wake. Ile ya mapacha ni ya Kitelugu, ya mwaka 1994. Iliongozwa na E. V. V. Satyanarayana, na stelingi ni Nagarjuna, anayecheza watu wawili: Deva, kijana wa mtaani mwenye mkono mwepesi, na Ravi Varma, mwanamuziki aliyelelewa kwenye neema. Walipozaliwa tu, jambazi mmoja alimchukua mtoto mmoja akatokomea naye.

Sasa sikiliza mkorogo wenyewe. Picha ya mapacha ya Salman Khan ni *Judwaa*, ya 1997, chini ya David Dhawan. Hiyo ndiyo *Hello Brother* ya Kitelugu iliyorudiwa kwa Kihindi. Yaani Salman alicheza hadithi ya *Hello Brother* kwa jina jingine, halafu miaka miwili baadaye akacheza jina la *Hello Brother* kwa hadithi nyingine. Mwaka 2017 ikaja *Judwaa 2*, safari hii akiwa Varun Dhawan, mtoto wa David. Ukimwambia muuza muvi "nipe ile Hello Brother ya mapacha" akakupa ya moyo, usimlaumu.

"Zote hizo ni Bollywood"

Hapana. Bollywood ni sinema ya Kihindi ya Mumbai. Kitelugu ni lugha nyingine kabisa, ina maandishi yake, na wazungumzaji wake ni zaidi ya milioni 80, wengi wao Andhra Pradesh na Telangana. Sinema yake ina makao Hyderabad, ingawa miaka ya 1960 studio zake nyingi zilikuwa bado Madras, ambayo leo ni Chennai. Kwetu "picha la Kihindi" limebeba kila kitu chenye wimbo na mvua, kwa hiyo kosa hili naliona dogo. Ila halitoki kwetu peke yetu. Wimbo "Naatu Naatu" wa picha ya *RRR* ulipochukua Oscar mwaka 2023, dunia nzima watu waliendelea kuuita wa Bollywood, na ule ni wa Kitelugu.

"Watelugu huiga picha za Mumbai"

Kwa mapacha waliopotezana, mkondo ulikwenda kinyume. Mwaka 1964 mtayarishaji D. Rama Naidu alitoa picha ya Kitelugu *Ramudu Bheemudu*, mwigizaji N. T. Rama Rao akiwa ndugu wote wawili. Ramudu ni mwoga, anachapwa na shemeji yake anayeitolea macho mali ya familia. Bheemudu hana habari na mtu. Wakibadilishana nafasi bila wengine kujua, shemeji anainua mjeledi kama kawaida yake, na safari hii unamgeukia yeye.

Hadithi hiyo iliuzika kweli kweli. Mwaka uliofuata M. G. Ramachandran akaicheza kwa Kitamil, *Enga Veettu Pillai*. Mwaka 1967 Dilip Kumar akaicheza kwa Kihindi, *Ram Aur Shyam*, akapata nayo Filmfare, tuzo ya sinema ya Kihindi. Aliyeongoza hiyo ya Kihindi ni Tapi Chanakya, yule yule aliyeongoza ya Kitelugu. Mwaka 1972 mfumo huo ukageuzwa kuwa wa wasichana, Hema Malini akiwa Seeta na Geeta. Ukiwa umekulia kwenye picha za Kihindi, kile kichekesho cha ndugu mmoja kula akashiba akaondoka, na mwenzake kukamatwa alipe bili, huenda ulikidhani cha Dilip Kumar. Na tukumbuke, Rama Rao na Ramachandran wote wawili baadaye walikuwa mawaziri wakuu wa majimbo yao.

"Basi Hello Brother imeibwa kwa Jackie Chan"

Hapa kuna ukweli wa nusu. *Twin Dragons* ya Hong Kong ilitoka 1992, na Jackie Chan ni pacha wawili: mmoja fundi wa magari, mwingine mwongozaji wa okestra. Wanapokaribiana, mwili wa mmoja unafuata wa mwenzake. Ukikaa na *Hello Brother* dakika ishirini utaona ilikochota. Lakini wazo lenyewe si la Jackie. Mfaransa Alexandre Dumas alilitumia mwaka 1844 katika hadithi ya ndugu wawili wa Corsica waliozaliwa wameungana wakatenganishwa kwa kisu, na tangu hapo kila mmoja akawa anasikia machungu ya mwenzake. Studio ya Gemini ya Madras iliichukua hadithi hiyo ikaitoa kwa Kitamil mwaka 1949 na kwa Kitelugu mwaka 1950. Kwa hiyo Watelugu walikuwa na mapacha wanaosikiana kabla Jackie Chan hajazaliwa.

"Kurwa akipigwa, Doto anaumia"

Kwenye picha, ndiyo, na ndipo kicheko kinapotoka: mmoja anapigana, mwingine yuko mezani na wageni, mkono unamrukaruka. Mwilini hakuna njia ya kupitisha kitu hicho. Mishipa ya fahamu inaishia kwenye ngozi ya mwenye nayo, na hakuna jaribio la kuaminika lililowahi kuonyesha mapacha wakipokezana maumivu.

Kisa halisi kinachosisimua zaidi ni cha akina Jim wawili wa Ohio, Marekani. Walitenganishwa wakiwa na wiki nne, kila familia ikamwita wake Jim, wakakutana mwaka 1979 wakiwa na miaka 39. Mtafiti Thomas Bouchard wa Chuo Kikuu cha Minnesota alikuta tabia zao nyingi zinafanana ajabu. Lakini miaka yote hiyo waliishi jimbo moja, na hakuna aliyempata mwenzake kwa kusikia kichomi ubavuni.

"Siku hizi kompyuta, zamani uongo ulionekana"

Nani alikwambia? Kwenye *Ramudu Bheemudu* ya 1964 mpiga picha aliziba nusu ya lenzi, akamrekodi Rama Rao upande mmoja. Kisha mkanda ukarudishwa nyuma, nusu iliyorekodiwa ikazibwa, mwigizaji akabadilisha nguo akaingia upande wa pili kujibizana na hewa. Kamera ikisogea hata unywele, mstari unaonekana katikati na kazi yote inaharibika. Macho yakiangalia pembeni kidogo, ndugu mmoja anaonekana anaongea na bega la mwenzake.

Pale ambapo mmoja anaonekana mgongo tu, aliwekwa mtu mwingine. Kwa Rama Rao mtu huyo alikuwa Kaikala Satyanarayana, kijana aliyefanana naye umbo. Huyu siye yule mwongozaji wa *Hello Brother*, majina tu yamekutana. Baadaye aliachana na kuwa mgongo wa watu, akawa adui anayeogopwa katika mamia ya picha, akaingia hata bungeni.

"Polisi hawawezi kuwatofautisha"

Kwa sura, kweli wanaweza kubabaika, na kipimo cha kawaida cha DNA nacho kinawaona mapacha wa yai moja kama mtu mmoja. Alama za vidole haziwi sawa, kwa sababu mistari yake hujichora tumboni kwa namna ambayo hata pacha hawawi nayo sawa. Wino kidogo na karatasi pale kituoni vingemtambua Deva asubuhi ile ile, na picha ingekwisha kabla ya wimbo wa pili.