Antipodes si jina jingine la Australia

Kwa muda mrefu imesadikiwa kuwa neno la Kiingereza antipodes ni jina jingine tu la Australia, na kwamba mtu akichimba shimo lililonyooka kutoka London kupitia kitovu cha dunia ataibukia huko. Hesabu inakataa. London ipo karibu na nyuzi 51.5 kaskazini kwenye longitudo sifuri. Mkabala wake, basi, pale palipo upande wa pili kabisa wa dunia, ni nyuzi 51.5 kusini kwenye longitudo 180, yaani ndani ya Bahari ya Pasifiki, kusini-mashariki mwa New Zealand, ambako mchimbaji wetu angeambulia kulowa. Ukianzia Sydney, unatokea Atlantiki. Nadhani Wahispania wana haki zaidi ya kulitumia neno hili, kwa kuwa mkabala wa Madrid umo katika Kisiwa cha Kaskazini cha New Zealand.

Neno lenyewe limetoka katika Kigiriki, ambamo anti ni kukabili na podes ni miguu. Lilipoingia katika Kiingereza halikutaja mahali bali watu, wale ambao nyayo zao zinaelekeana na zetu huku dunia ikiwa katikati. Baadaye maana ilihamia kwenye nchi wanazoishi, kisha ikapanuka hadi kinyume kabisa cha jambo lolote. Kuziita Australia na New Zealand kwa neno hilo ni mazoea ya Waingereza, wala si kosa, mradi yasichukuliwe kuwa kipimo cha ramani. Visiwa vidogo vya Antipodes, ambavyo mabaharia wa Uingereza walivifikia mwaka 1800, ndivyo vinavyoukaribia mkabala wa London, ingawa havina wakazi wa kudumu.