Je, wajua? Kwa nini Oklahoma walibaki mabingwa wa 1950 ingawa mechi ya mwisho walifungwa

Tarehe 1 Januari 1951, mjini New Orleans, Chuo Kikuu cha Kentucky kiliifunga Oklahoma 13-7 katika mechi ya Sugar Bowl. Hii ni futiboli ya Kimarekani, ile ya kofia ngumu na mpira wenye umbo la yai: kuuvusha mpira mstari wa mwisho wa wapinzani ni pointi 6, na teke la nyongeza linaongeza 1. Kentucky walivuka mara mbili na kupata teke moja. Oklahoma walivuka mara moja na teke lao likafanikiwa. Mfululizo wa Oklahoma wa ushindi 31 ukakatika hapo. Hata hivyo, taji la taifa la msimu wa 1950 ni lao mpaka leo.

Anayeisoma habari hii kwa mara ya kwanza hudhani kwamba Sugar Bowl ilikuwa fainali, na kwamba matokeo yake yalipinduliwa mezani. Dhana hiyo inaeleweka, maana tumezoea ligi yenye jedwali au kombe lenye fainali. Futiboli ya vyuo haikuwa na kimojawapo. Kulikuwa na timu zaidi ya mia moja, kila moja ikicheza mechi 9 hadi 11 kwa msimu, nyingi dhidi ya majirani wa kanda yake. Timu mbili bora nchini zingeweza kumaliza miaka kumi bila kukutana. NCAA, chombo kinachosimamia michezo ya vyuo, kilikuwa na mashindano ya ubingwa kwa michezo mingine, lakini si kwa futiboli ya ngazi ya juu.

Wapo pia wanaodhani waandishi wa habari waliufumbia macho ushindi wa Kentucky. Nao wanakosea. Siku Kentucky wanashinda, kura zilikuwa zimeshahesabiwa zaidi ya mwezi mmoja nyuma.

Bingwa alipatikana kwa kura. Tangu 1936 shirika la habari la AP lilikuwa likiwauliza waandishi wa michezo, kila wiki ya msimu, wapange timu 10 bora. Mwaka 1950 shirika la UP lilianzisha kura ya makocha, nayo pia iliichagua Oklahoma.

Chukua mfano wa shindano la pilau. Masufuria yapo mitaa mbalimbali na majaji wametawanyika. Kila jaji ameonja ya mtaani kwake na pengine ya mtaa wa pili. Yaliyobaki ameyasikia kwa watu. Kila mmoja anaandika orodha yake: wa kwanza anapewa pointi 10, wa pili 9, hivyo hivyo hadi wa kumi anayepata 1. Sasa majaji wawili wakimweka Asha wa kwanza na wa tatu akamweka wa saba, Asha ana 10 na 10 na 4, jumla 24. Zuhura akiwekwa wa kwanza na mmoja, wa pili na mwingine na wa tatu na aliyebaki, ana 10 na 9 na 8, jumla 27. Zuhura ameshinda, ingawa Asha ndiye aliyewekwa wa kwanza mara nyingi zaidi. Utaratibu huu humpendelea anayekubalika na wote kuliko anayependwa sana na baadhi tu.

Una tabia nyingine: kilichoonjwa mwisho ndicho kinachobaki ulimini. Mwaka 1950 Tennessee walifungwa 7-0 na Mississippi State mwishoni mwa Septemba, wakawa na wiki nane za kujisafisha. Kentucky nao walifungwa 7-0, ila tarehe 25 Novemba, kura ya mwisho ikiwa mlangoni. Tennessee wakamaliza wa 4, Kentucky wa 7. Ni kweli kwamba walioifunga Kentucky siku hiyo ni Tennessee hao hao, kwa hiyo tofauti hiyo yote haiwezi kubebeshwa tarehe peke yake.

Baada ya hapo masanduku yakafungwa. Army, timu ya chuo cha jeshi la nchi kavu, waliokuwa wa 2, walifungwa 14-2 na Navy, ya chuo cha jeshi la majini, tarehe 2 Desemba. Navy hao walikuwa wamepoteza mechi sita msimu huo! Army hawakushuka hata ngazi moja. Siku ya Mwaka Mpya, mbali na Oklahoma, walianguka pia Texas wa 3, waliofungwa 20-14 na Tennessee, na California wa 5, waliofungwa 14-6 na Michigan. Katika timu tano za juu, nne zilipoteza mechi zao za mwisho, na orodha haikuguswa.

Kwa nini wasingoje? Kwa sababu mechi za Mwaka Mpya zilikuwa za mwaliko. Miji yenye joto la Januari iliziandaa ili kuvuta wageni: Pasadena na Rose Bowl yake, kisha New Orleans, Miami, Dallas. Si kila timu bora ilikwenda. Princeton, waliomaliza msimu bila kufungwa, hawakucheza. Notre Dame walizikataa mechi hizo kuanzia 1925 hadi 1969. Vyuo vya Big Ten, umoja wa vyuo vya kanda ya kati-magharibi, viliruhusiwa Rose Bowl tu, tena bingwa wa mwaka uliopita hakuruhusiwa kurudi. Kuzihesabu kungekuwa sawa na kuwapa baadhi ya wanafunzi karatasi ya ziada ya mtihani na kuwanyima wengine. Hata takwimu za wachezaji katika mechi hizo NCAA ilianza kuzijumlisha na za msimu mwaka 2002.

Jambo hili halikuwa la mara moja. Tennessee walikuwa mabingwa wa 1951 kisha wakafungwa na Maryland 28-13. Maryland wakawa mabingwa wa 1953 na wakafungwa na Oklahoma 7-0. AP walijaribu kusubiri mechi za Januari katika msimu wa 1965, wakarudi nyuma miaka miwili, wakaufanya utaratibu wa kudumu kuanzia 1968. Kura ya makocha ilichelewa hadi 1974, msimu mmoja baada ya kuipa taji Alabama, ambayo baadaye ilifungwa 24-23 na Notre Dame.

Kocha wa Oklahoma mwaka 1950 alikuwa Bud Wilkinson. Mfumo wake, uitwao split-T, uliwatawanya wachezaji wake wa mstari wa mbele ili kuacha mianya mipana. Mgawaji, yaani mchezaji anayeongoza mashambulizi, alikimbia sambamba na mstari huo na mpira mkononi, akiamua dakika ya mwisho kama aukabidhi, aurushe pembeni au apenye mwenyewe. Mfumo ukifanya kazi, mlinzi wa wapinzani hajui amkabe nani. Mgawaji akifikiwa mapema, mpira unadondoka. Bear Bryant, kocha wa Kentucky, alijaza watu wazito mbele ili mgawaji afikiwe mapema. Mpira ukadondoka karibu na mstari wa Oklahoma, Walt Yowarsky akauokota, na Babe Parilli akamrushia Wilbur Jamerson kwa pointi za kwanza.

Miongo kadhaa baadaye, hesabu za kompyuta za Jeff Sagarin ziliupima upya msimu huo, mechi za Januari zikiwemo, na zikaiweka Kentucky juu. Kwa hiyo kitabu cha kumbukumbu cha NCAA, mbele ya mwaka 1950, kinawataja Oklahoma pamoja na Kentucky, Princeton na Tennessee, kila mmoja na aliyemchagua.