Lord Henry asiye na sauti

Lord Henry, yule bwana mkubwa katika riwaya ya Oscar Wilde kuhusu Dorian Gray, ni mdomo mtupu. Hapigi mtu, hakimbii, hana hata kazi. Anakaa kitini anaongea, na kwa maneno yake kijana wa watu, Dorian, anapotoka. Sasa mwaka 1918, huko Budapest, mwongozaji Alfréd Deésy akaifanya riwaya hiyo filamu bubu, Az élet királya, yaani Mfalme wa Maisha, na Lord Henry akampa mwigizaji wa jukwaani. Mdomo mtupu, halafu sauti hamna!

Kwenye filamu hiyo mwigizaji huyo aliitwa Arisztid Olt. Ninyi mnamjua kwa jina la Béla Lugosi, aliyekuja kuwa Drakula, yule mnyonya damu wa sinema. Na hilo la Lugosi nalo si la kuzaliwa: alizaliwa Béla Blaskó mwaka 1882 mjini Lugos, ambao leo uko Romania, na jina la jukwaani akalichukua kwa mji wake.

Mimi kazi yangu ni kufundisha uigizaji, na Lugosi huyu wa Budapest ananivutia kuliko wa Drakula. Alianzia kwenye vikundi vya maigizo vya mikoani, akapita Szeged, akafika Budapest 1911, na 1913 akaingia Ukumbi wa Taifa wa Maigizo. Heshima ilikuwa kubwa, ila mle ndani mara nyingi alipewa sehemu ndogondogo. Vita vilipozuka 1914 alikwenda kupigana na Warusi, akajeruhiwa, na 1916 akaachiwa kurudi kwenye maigizo. Mwaka uliofuata tunamkuta mbele ya kamera.

Kwenye kampuni ya filamu ya Star, kwa Deésy, alikuwa Arisztid Olt. Kwa mwongozaji mwingine, Mihály Kertész, ambaye Hollywood walikuja kumwita Michael Curtiz, alibaki Lugosi. Jina Arisztid Olt lina mbwembwe za kimwinyi, na nadhani ndivyo lilivyotakiwa liwe, maana Star walimpa sehemu za mabwana watanashati. Katika Leoni Leo ya 1917 yeye ndiye Leo mwenyewe. Mtu aliyezoea kusimama nyuma ya wakubwa Ukumbi wa Taifa, huku jina lake ndilo filamu. Ningekuwa mimi ningekwenda mbio.

Lakini kamera haikutaka vitu alivyokuwa navyo. Sauti ya kumfikia aliyekaa kiti cha mwisho haikuwa na kazi tena. Mkono uliorushwa ili uonekane kutoka roshani ya juu ulitoka nje ya fremu. Kamera yenyewe ilizungushwa kwa mkono, mara nyingi picha kama 16 kwa sekunde, kwa hiyo ishara ya haraka ilitoka ikirukaruka. Ilibidi mtu ajifunze kwenda taratibu bila kuonekana amechoka.

Rangi ya uso nayo ilikuwa balaa. Mikanda ya filamu ya wakati ule ilikuwa haioni nyekundu. Nyekundu ilitoka nyeusi, na buluu ikakaribia nyeupe. Mashavu mekundu ya jukwaani yakawa mashimo. Darasani huwa naweka kioo cha buluu mbele ya kamera ya simu, kisha naigeuza picha iwe nyeusi na nyeupe. Mwanafunzi mmoja aliyepaka rangi nyekundu ya mdomo alitokea kama mtu aliyetoka kula zambarau. Hakuna aliyeuliza tena kwa nini waigizaji wale walipaka rangi za ajabu usoni.

Turudi kwa Lord Henry. Filamu imepotea, kama karibu zote alizocheza Budapest, kwa hiyo siwezi kueleza alivyofanya. Ninachoweza kueleza ni jinsi kazi yenyewe ilivyokuwa. Maneno yalikuja kwenye kadi zilizoandikwa, zikionyeshwa katikati ya picha, na kadi ilikaa mpaka msomaji wa polepole amalize. Ukiandika kila kejeli ya Lord Henry, hapo umetengeneza kitabu cha ukutani. Basi nyingi zinakatwa, na mwigizaji anabaki na mdomo kufunguka, kadi, mdomo kufungwa. Nikiwapa wanafunzi onyesho hili, wote wanamkazania Lord Henry: nyusi, vidole, sigara. Haliendi. Linaanza kwenda siku anayecheza Dorian anapojifunza kusikiliza, kwa sababu bila sauti hatuna njia ya kujua maneno yamechoma isipokuwa kwenye uso wa aliyeambiwa. Jukwaani Lugosi angeshinda peke yake. Hapa alimhitaji mwenzake.

Mwaka 1919, chini ya serikali ya kisoshalisti ya Béla Kun, alikuwa mstari wa mbele kwenye chama cha waigizaji. Serikali ilipoanguka mwezi wa Agosti, kubaki kukawa hatari. Akakimbilia Vienna, kisha Berlin, na 1920 akacheza mtumishi wa mwigizaji Conrad Veidt katika filamu Der Januskopf ya mwongozaji Murnau, nayo imepotea. Mwisho wa mwaka huohuo akafika Marekani.

Kule, mwaka 1922, alipanda jukwaani kwenye mchezo wa The Red Poppy, New York. Kiingereza hakijui, akakariri maneno yake kwa mlio tu. Mwaka uliofuata akaitwa kwenye filamu, The Silent Command. Bubu. Hakuwa na neno la kukariri.