Je, wajua kwa nini chungwa jekundu hukataa wekundu penye joto?

Ukipanda mchungwa wa damu, ule wa machungwa yenye nyama nyekundu, mahali penye joto na unyevu mwaka mzima, mti utamea, utachanua na utazaa. Ila ukilipasua tunda utakuta nyama yenye rangi ileile ya machungwa mengine, pengine na michirizi michache myekundu. Hukuuziwa mche wa uongo. Wekundu ule ni antosianini, aina ya rangi inayopatikana pia kwenye zabibu nyeusi, na mchungwa huu hauitengenezi vya kutosha mpaka uhisi baridi.

Mwaka 2012 watafiti wa John Innes Centre nchini Uingereza walieleza chanzo chake. Mchungwa una jeni iitwayo Ruby, ambayo kazi yake ni kuamrisha antosianini itengenezwe. Katika machungwa ya damu, kipande cha DNA chenye tabia ya kuhamahama kilijipachika kando ya jeni hiyo, na kipande hicho huamshwa na baridi. Usiku wa baridi ukikosekana, Ruby hulala. Ndiyo maana machungwa mekundu kweli kweli yamesifika kutoka Sicily, kwenye mashamba yanayouzunguka mlima Etna, ambako usiku hupoa sana wakati matunda yanakomaa. Jambo la kufurahisha ni kwamba tunda huendelea kuisikia baridi hata likishachumwa: likihifadhiwa wiki kadhaa kwenye ubaridi wa kiasi cha nyuzi 9 za Selsiasi, wekundu huzidi.

Ganda nalo lina habari yake. Ukijani wa chungwa la kawaida huondoka vizuri pale usiku unaposhuka hadi kwenye nyuzi 13 hivi au chini zaidi. Penye joto, chungwa huiva likiwa kijani, na anayengoja ligeuke rangi hulichuma likiwa limeshapoteza ladha. Joto la usiku hulifanya tunda lipumue kwa kasi na kuichoma asidi yake kama kuni, hivyo linabaki na utamu usio na ukali wowote. Usitazame ganda, onja.

Kwa hiyo anayetamani michungwa isiyo ya kawaida namshauri aanze na swali moja: mti huu huitumia baridi kwa kazi gani? Yuzu, tunda kali la jamii hii kutoka Asia Mashariki, kwa mfano, husifiwa kwa kuvumilia barafu, sifa isiyo na kazi yoyote mahali pa joto. Lakini ipo miti ya ukoo huohuo ambayo asili yake ni joto na mvua, na hiyo ndiyo yenye raha. Furungu, tunda kubwa kuliko yote katika jamii hii, hulipenda joto: asidi inayopungua hulifaa, kwa kuwa utamu wake ndio unaotafutwa. Ndimu ya makrut ya Asia ya Kusini-Mashariki hupandwa zaidi kwa ajili ya majani, yale yanayoonekana kama majani mawili yaliyofuatana, kwa hiyo hata isipozaa sana hujapoteza. Kalamansi, mzao wa chenza na kumkwati (tunda dogo la jamii hii linaloliwa pamoja na ganda), huzaa sana hata ukiwa kwenye chungu.

Ninayoipenda kuliko zote ni ndimu kidole ya Australia. Nyama yake si kama ya chungwa, bali ni punje ndogo za mviringo zinazopasuka mdomoni na kumwaga maji makali. Asili yake ni misitu ya mvua ya kusini-mashariki mwa Queensland na kaskazini mwa New South Wales, ambako huota chini ya miti mirefu, basi kivuli chepesi hakiisumbui. Huota polepole na ina miiba mingi, lakini inastahili subira hiyo.

Mahali pasipo na baridi, kinachoushtua mti utoe maua ni ukame. Mti hukaa na kiu wiki kadhaa, kisha mvua au maji ya kumwagilia yakija, maua hutoka kwa pamoja. Wakulima wa malimau wa Sicily wenyewe hutumia mbinu hii wakati wa kiangazi ili wapate malimau nje ya msimu. Mvua zikinyesha bila kupumzika, maua huja machache machache tu, na hapo chungu kinachoweza kusogezwa chini ya paa kinasaidia kuliko mbolea.

Mbolea nyingi ya naitrojeni kwa kweli huweza kukudhuru. Penye joto na unyevu mti huchipua mara nyingi kwa mwaka, na machipukizi laini ndiyo yanayowavutia wadudu, akiwemo kidusi cha Asia, mdudu mdogo anayefyonza utomvu, anayeeneza ugonjwa wa huanglongbing, usio na tiba. Ugonjwa huo uligunduliwa Florida mwaka 2005, na tangu hapo mavuno ya machungwa ya jimbo hilo yameporomoka vibaya. Chini nako kuna Phytophthora, kimelea kinachofanana na kuvu, inayoozesha mizizi na shina pale maji yanapotuama. Panda juu ya tuta, na sehemu mche ulipobebeshwa (ulipounganishwa na shina la mti mwingine) ibaki juu kabisa ya udongo. Matandazo yasiguse shina.

Huanglongbing husafiri pia ndani ya vikonyo, kwa hiyo usibebe kijiti cha mti wa ajabu kutoka nchi nyingine, hata kikionekana kizima. Mbegu zina hatari ndogo zaidi, na za kalamansi kwa kawaida huzaa mti unaofanana na mama yake, kwa sababu viinitete vyake vingi (mimea michanga iliyomo ndani ya mbegu) hutokana na tishu za mama peke yake. Furungu haliko hivyo: kila mbegu yake ina kiinitete kimoja cha wazazi wawili, na kila mche hutoka na tabia zake. Hilo litafute kwenye kitalu kinachokaguliwa, likiwa limeshabebeshwa.