Je, wajua? Kuna mtu aliyekaa bungeni miaka 64

Januari 1957, Tanganyika na Kenya zikiwa bado chini ya Mwingereza, kijana wa miaka 29 aitwaye Fred Risser aliapishwa kuwa mbunge katika jimbo la Wisconsin, Marekani. Alipotoka bungeni Januari 2021 alikuwa na miaka 93. Hakuna mbunge wa jimbo katika historia ya Marekani aliyemfikia.

Tuelewane kwanza: jimbo hapa si jimbo la uchaguzi. Wisconsin ni moja ya majimbo 50 yanayounda Marekani, na lina gavana wake na bunge lake lenye nyumba mbili. Risser aliingia kwanza nyumba ya chini. Mwaka 1962 seneta wa eneo lake aliteuliwa kuwa jaji, ukaitishwa uchaguzi mdogo, naye akapanda Seneti, nyumba ya juu. Hakutoka tena.

Iliwezekanaje? Sababu ya kwanza ni sheria. Majimbo kama California, Michigan na Florida yameweka ukomo wa muda wa kuwa bungeni, Wisconsin haijaweka. Ya pili ni Madison, mji mkuu wa jimbo na mji wa chuo kikuu, ambako chama chake cha Democratic kina mizizi mirefu. Tena jengo la bunge liko hapohapo mjini, kwa hiyo Risser, mpenda baiskeli, alifanya kazi karibu na wapiga kura wake.

Ya tatu ni malezi. Baba yake alikuwa seneta, babu mzaa mama alikuwa mbunge, na baba wa babu huyo pia. La kushangaza, vizazi hivyo vinne vilikuwa na vyama vinne tofauti: Unionist, Republican, Progressive na Democratic. Walichorithishana ni kazi yenyewe, chama kila mtu alijichagulia.

Lakini kukaa tu si kazi. Mimi nikimtazama Risser, naona zaidi faida ya subira. Alikuwa miongoni mwa waliosukuma sheria ya kuzuia uvutaji wa sigara katika maeneo ya kazi, mikahawa na baa. Ilisainiwa mwaka 2009 na kuanza kutumika Julai 2010, yeye akiwa na miaka zaidi ya 50 bungeni. Mswada ukikwama mwaka huu, mtu wa aina hii anakuwepo mwakani kuurudisha.

Kisa chake kinachonigusa zaidi ni cha Februari 2011. Gavana Scott Walker alileta mswada wa kuwanyang'anya watumishi wengi wa umma, walimu wakiwemo, sehemu kubwa ya haki ya kujadiliana na mwajiri kupitia vyama vyao. Seneti ina viti 33. Republican walikuwa 19, Democratic 14. Kura zilitosha kabisa kupitisha, ila mswada unaohusu fedha ulihitaji akidi, yaani idadi ya chini ya waliohudhuria, ya maseneta 20. Wakakosa mmoja! Basi wale 14 wote wakavuka mpaka kwenda jimbo jirani la Illinois, polisi wa Wisconsin wasikoweza kuwakamata na kuwarudisha ukumbini. Risser, mzee wa miaka 83 aliyewahi kuwa Rais wa Seneti, yaani spika wake, alikuwa mmoja wao. Walikaa huko zaidi ya wiki tatu. Mwishowe Republican waliondoa vipengele vya fedha, akidi ikashuka, mswada ukapita. Wale 14 walishindwa, lakini nchi nzima ilikwisha kujua kilichokuwa kikifanyika.

Wapo wanaosema miaka 64 ni mingi mno, kwamba kiti kinawanyima vijana nafasi. Hoja hiyo ina uzito, na siipuuzi. Mwaka 2020 Risser mwenyewe hakugombea tena. Kiti kikaenda kwa Kelda Roys, wa chama hichohicho, aliyezaliwa mwaka 1979, Risser akiwa tayari na miaka 22 bungeni.