Je, wajua kwa nini rufaa ya matunzo ya mtoto huweza kupokelewa hata siku zikiisha?

Tuseme hakimu wa Mahakama ya Watoto nchini Kenya ameamuru baba atoe shilingi 15,000 kila mwezi, na karo juu yake. Baba anatoka kortini amenuna, akiapa kukata rufaa. Miezi minne inapita kabla hajafanya lolote. Je, mlango umefungwa?

Umerudishwa tu, haujatiwa komeo. Kifungu cha 79G cha sheria inayoongoza kesi za madai kinatoa siku 30 za kupeleka rufaa Mahakama Kuu. Siku ambazo korti ya chini ilizitumia kuandaa nakala ya amri hazihesabiwi, mradi korti yenyewe izithibitishe. Kifungu hichohicho kinamruhusu jaji kupokea rufaa iliyochelewa, akiridhika kwamba kulikuwa na sababu nzuri na ya kutosha.

Hapo kwenye "ya kutosha" ndipo wengi hukwama. Mwaka 2014, katika kesi ya Nicholas Salat dhidi ya tume ya uchaguzi, IEBC, Mahakama ya Juu ilisema kuongezewa muda si haki ya mtu. Korti hutumia hiari yake, na anayeomba ndiye wa kueleza kilichomchelewesha. Kesi ile ilikuwa ya siasa, lakini leo hutajwa hata pale wazazi wanapovutania pesa za uji na unifomu.

Jaji hupima urefu wa kuchelewa, sababu yake, na madhara kwa upande wa pili. Aliyelazwa hospitalini na ana karatasi za kuonyesha husikilizwa. Anayesema "wakili wangu alinisahau" bila zaidi huulizwa yeye mwenyewe alifuatilia lini.

Kwenye matunzo kuna mtu wa tatu, ambaye hata kortini hakuwapo. Kifungu cha 53 cha Katiba ya 2010 kinaweka maslahi ya mtoto mbele ya yote, na hoja hiyo hukata kuwili. Humbana baba anayetaka kupunguza pesa baada ya kukaa kimya. Lakini huweza pia kumfaa mama aliyechelewa kulalamikia kiasi kidogo mno, kwa kuwa mtoto hakuchelewa yeye.

Wengi hudhani pia kwamba rufaa husimamisha malipo. Haisimamishi. Ni lazima kuomba amri ya kusitisha utekelezaji, na hata hapo jaji anaweza kuagiza sehemu ya pesa iendelee kulipwa.

Kwa maoni yangu, wengi wanaokimbilia rufaa wamekosea njia. Rufaa ni ya kusema hakimu alikosea siku ile. Aliyefutwa kazi miezi minane baadaye hana kosa la hakimu la kulalamikia. Anapaswa kurudi kwenye korti ileile aombe amri ibadilishwe, tena mapema, kwa sababu hadi ibadilishwe deni linazidi kupanda kila mwisho wa mwezi.