Manor ni nini? Kitongoji cha Woolsthorpe na nyumba yake

Mtu anayefika Woolsthorpe, kitongoji kilichoko kama kilomita 11 kusini mwa mji wa Grantham katika kaunti ya Lincolnshire nchini Uingereza, akiwa ameambiwa kwamba atakwenda kuona Woolsthorpe Manor, huenda akatazamia kasri. Atakachokikuta ni nyumba ya mkulima mwenye uwezo wa kiasi, iliyojengwa kwa mawe ya chokaa katika karne ya 17, ikiwa na mabanda ya shamba pembeni. Jina linaonekana kubwa kuliko jengo kwa sababu asili ya neno manor si nyumba.

Manor ilikuwa milki: ardhi pamoja na haki juu ya watu walioilima, vyote vikiwa mkononi mwa bwana mmoja. Mfalme William wa Kwanza alipoamuru mali ya nchi iorodheshwe, kazi iliyozaa Kitabu cha Domesday mwaka 1086, waandishi wake walihesabu kwa milki hizo, wala mipaka yake haikufuata ya vijiji. Kijiji kimoja kiliweza kugawanywa baina ya mabwana watatu, na bwana mmoja akawa na ardhi katika vijiji kadhaa. Sehemu ya ardhi ilikuwa shamba la bwana mwenyewe, na iliyobaki ilishikwa na wakulima kwa kumlipa kazi, mazao au fedha. Nyumba aliyokaa bwana au msimamizi wake ndiyo iliyokuja kuitwa kwa jina la milki yote.

Kitongoji nacho kisieleweke hapa kama ngazi ya utawala yenye mwenyekiti wake, ilivyo Tanzania. Kwa mazoea ya Waingereza, kilichokitofautisha na kijiji ni kukosa kanisa lake, na ndiyo maana watu wa Woolsthorpe walibatizwa na kuzikwa Colsterworth, kijiji cha jirani.

Chombo kilichoipa milki nguvu kilikuwa baraza lake. Huko ndiko haki ya mkulima juu ya shamba ilikoandikwa, naye akapewa nakala ya maandishi hayo, na umiliki wa namna hiyo ukaitwa umiliki wa nakala (copyhold) kutokana na nakala hiyo. Akifa, mrithi alifika barazani, akalipa ada na kuandikishwa upya. Mahali pengi bwana alikuwa na haki ya kuchukua mnyama bora wa marehemu. Baraza hilohilo lilitoza faini kwa makosa ya shambani.

Robert Newton, mkulima aliyekuwa akipanda ngazi, aliinunua milki ya Woolsthorpe mwaka 1623. Mwanawe, Isaac, alifariki mwaka 1642 bila kujua kuandika hata jina lake, miezi michache kabla ya kuzaliwa kwa mtoto aliyepewa jina hilohilo, ambaye ndiye mwanasayansi tunayemjua. Mama yake alikusudia awe mkulima, lakini kumbukumbu za baraza la Colsterworth za Oktoba 1659 zinaonyesha jinsi kijana huyo wa miaka 16 alivyoifanya kazi hiyo: alitozwa shilingi 3 na peni 4 kwa kuacha kondoo wake waharibu, na shilingi moja moja kwa nguruwe walioingia katika mashamba ya nafaka na kwa ua uliobomoka. Mrithi wa milki moja alikuwa akiadhibiwa na baraza la milki nyingine, jambo ambalo kwangu linaieleza dhana hii vizuri kuliko ule mti wa tufaha unaowavuta wageni, unaosemekana kumpa Newton wazo la nguvu ya uvutano.

Baada ya kifo cha Newton mwaka 1727 milki ilimwendea ndugu wa mbali, kisha ikanunuliwa na ukoo wa Turnor, na tangu mwaka 1943 nyumba imekuwa chini ya shirika la hifadhi la National Trust. Umiliki wa nakala ulikuwa umeshafutwa kwa sheria ya mwaka 1922, iliyoanza kutumika tarehe 1 Januari 1926, na mabaraza karibu yote yakakosa kazi. Cheo cha bwana wa manor hakikufutwa. Kisheria kinaweza kutenganishwa na ardhi na jengo, na hadi leo vyeo vya aina hiyo huuzwa kwa watu ambao hawapati hata jiwe moja la nyumba.